Jina la Mama Dirishani

Kwa mujibu wa serikali, mimi nilizaliwa na mwanamke aliyekufa kabla baba yangu hajaoa. Nalisema mapema ili usije ukadhani natania. Cheti changu cha kuzaliwa kiliandika kwamba mama yangu ni Fakiha, na Fakiha alikuwa shangazi yake baba, akazikwa wakati baba bado anachunga mbuzi. Mama yangu wa kweli, aliyenizaa katika chumba cha nyuma cha nyumba yetu hii hii, alikuwa hai, anakanda unga na kuianika mikate juani iumuke kila Ijumaa, na jina lake lilikuwa Nabawia.

Huku kwetu Saidi, kusini mwa Misri, mwanamume hataji jina la mkewe mbele za watu. La mama yake ndiyo kabisa. Watoto shuleni wanatoana meno kwa sababu mmoja kalijua jina la mama wa mwenzake akalipayuka uwanjani. Baba yangu, Haridi, akimzungumzia mama kwa watu husema "watu wa nyumbani". Akimwita mwenyewe humwita Mama Bakhit, kwa jina la kaka yangu. Nimekaa naye maisha yangu yote na nilikuwa sijawahi kumsikia akisema Nabawia.

Basi nilipozaliwa akaenda kunisajili kwenye kituo cha afya cha kijiji. Ilikuwa siku ya soko, foleni ya wanaume imefika nje, na nyuma yake walisimama vijana wa ukoo wa Hilal, ambao watu wetu waligombana nao kwa ajili ya mfereji wa maji. Karani akauliza kwa sauti, "Jina la mama?" Baba akatazama nyuma, akawaona wale vijana wametega masikio. Akasema Fakiha. Alifikiri jina la maiti halitamdhuru mtu. Akakunja karatasi, akarudi nyumbani, na kwa kuwa yeye na mama hawakujua kusoma, karatasi ikalala sandukuni.

Kaka yangu yeye alisajiliwa na babu, siku isiyo ya soko, dirisha likiwa tupu, akanong'ona. Kwa hiyo cheti cha Bakhit ni sahihi.

Miaka ikaenda na hakuna aliyejali. Kitambulisho chetu hakina jina la mama. Niliolewa na cheti kile, nikaachwa na cheti kile, nikarudi kwa wazazi wangu na masanduku mawili na mdomo wangu. Mimi nina mdomo, sikatai. Mume wangu alisema ndiyo sababu aliniacha, na huenda ni kweli.

Halafu figo za mama zikafa. Akawa anapelekwa hospitali ya mjini kusafishwa damu kwa mashine, siku tatu kila wiki, anarudi uso kijivu, hawezi hata kuvua viatu. Alikatazwa tende. Alikatazwa mboga ya mulukhiya. Maji alipimiwa kwa kikombe cha chai, na hili ndilo lililomtesa, maana ni mwanamke aliyezaliwa mita chache kutoka mto Nili na sasa anaomba maji kama ombaomba. Daktari akatuambia mashine haitamfikisha mbali, moyo wake unachoka. Atafutiwe figo kwa ndugu wa damu.

Bakhit akaja kutoka Kuwait, akapimwa. Damu yake haikulingana na ya mama. Nikapimwa mimi. Yule mtu wa maabara alirudia kipimo, akasema hajaona watu wawili wanaolingana namna hii.

Lakini kamati ya hospitali ilitaka karatasi. Mkuu wa kamati, daktari mwenye nywele nyeupe, akavaa miwani, akasoma cheti changu, akaivua.

"Fakiha ni nani?"

"Shangazi yake baba. Alikufa zamani. Ni makosa, daktari."

"Binti yangu, mimi nakuamini. Ninyi mnafanana hadi kidevu. Lakini kila anayeuza figo yake anakuja kwenye chumba hiki anamwita mnunuzi mama. Sheria inaniambia nitazame karatasi. Niletee cheti chenye jina lake, na wiki hiyo hiyo nampasua."

Bakhit alikuwa ameketi pembeni na cheti chake kizuri mapajani. Yeye alikuwa na karatasi sahihi na damu isiyofaa, mimi nina damu inayofaa na karatasi mbovu. Nilicheka pale pale mbele ya daktari, kicheko kibaya, na Bakhit akanishika mkono tukatoka.

Ofisi ya usajili wa raia iko mjini, ghorofa ya pili, na dirisha la marekebisho ni la Madamu Awatif. Ngoja nikuambie habari za Madamu Awatif. Ana sauti ya upole, ana glasi ya chai isiyokauka, na hajawahi kumwambia mtu hapana tangu aajiriwe. Mtu akinitukana nitajua la kufanya naye. Mtu wa upole ananimaliza.

"Lo, maskini mama," akasema. "Hili jambo dogo, mpenzi. Tunataka ombi, cheti cha ndoa ya wazazi, na maelezo ya baba mwenyewe kwa mdomo wake. Mlete."

Nikamleta. Alivaa kanzu yake ya Idi. Tukapanga foleni na wanaume wengine, na zamu yake ilipofika Madamu Awatif akashika kalamu.

"Haya, haji. Jina sahihi la mama wa binti yako Insaf?"

Baba akasukuma cheti cha ndoa kwenye tundu la dirisha. "Limeandikwa humo."

"Naona, haji. Lakini lazima ulitamke wewe."

"Humo, madamu. Humo."

"Haji, mimi siwezi kuandika kwamba umesema wakati hujasema."

Mwanamume mmoja nyuma yetu akakohoa. Mwingine akasema, "Sema, mzee, tuna kazi." Baba akageuka akawatazama mmoja mmoja. Halafu akachukua cheti chake cha ndoa, akatoka, akashuka ngazi. Nilimkuta barabarani anatafuta gari la kurudi kijijini.

Sikumsemesha njiani. Nilipofika nyumbani ndipo nikafungua mdomo, na niliyoyasema mengine siyarudii. Mama alikuwa amelala kwenye benchi la mlangoni, hoi, maana ilikuwa siku ya mashine.

"Mwache baba yako, Insaf," akasema. "Ameishi hivyo."

"Yeye ataishi hivyo, mama. Wewe utakufa hivyo."

Baba alikuwa uani anamwagia maji punda. Alisikia. Niliona ndoo imesimama hewani, halafu akaendelea kumwaga.

Hakurudi mjini kesho yake wala wiki ile. Alirudi baada ya mama kuzimia kwenye mashine. Safari hii alimwomba mkuu wa ofisi amsikilize ndani, mlango ufungwe. Mimi niliachwa nje. Mkuu baadaye alinisimulia kwamba mzee alikataa kusema hata mle ndani, mpaka mkuu akazunguka meza akainamisha sikio, na baba akalisema humo sikioni. Likaandikwa. Baba akatia dole gumba. Alipotoka jasho lilikuwa limelowesha kola yake.

Nikadhani yamekwisha. Kumbe ndiyo kwanza yanaanza.

Ombi likasajiliwa. Nikaambiwa nipite kesho. Kesho nikaambiwa faili limekwenda Kairo kulinganishwa na daftari kuu, nipite kesho, inshallah. Nikapita. Faili limerudi ila mwenye mhuri yuko likizo. Nikapita. Mwenye mhuri amerudi, ila kamati ya marekebisho haijakaa kwa sababu mjumbe mmoja kahamishwa. "Pita kesho, mpenzi, inshallah." Kila nikipita, Madamu Awatif anauliza hali ya mama, anasikitika kwa dhati, na ananiombea dua. Siku moja akaniambia, "Jina lako Insaf, haki yenyewe, halafu huna subira?" Watu kwenye foleni wakacheka. Nilimjibu kwamba subira ninayo mimi, figo hazina.

Bakhit akarudi Kuwait, kazi ingempotea. Mama akaanza kuvimba miguu.

Aliyenitoa gizani ni Ustadh Wadii, wakili, maana huku mawakili ndio tunaowaita ustadh, Mkristo mwembamba mwenye kikohozi, ofisi yake juu ya duka la mbegu. Alimwakilisha jirani yetu kwenye kesi ya shamba. Nilimpelekea mambo yote kwenye mfuko wa nailoni, na baba nikaenda naye maana hakutaka nipande ngazi za mwanamume peke yangu.

Ustadh Wadii akasoma, akakohoa, akauliza, "Wamekataa lini?"

"Hawajakataa," akasema baba. "Wanasema inshallah."

"Haji, ofisi yenye wajibu wa kukupa karatasi ikakaa kimya bila kukupa, sheria inahesabu kule kukaa kimya ni kukataa. Ni uamuzi. Hauna karatasi, hauna saini, lakini ni uamuzi, na unashtakiwa kwenye mahakama ya utawala kama uamuzi mwingine wowote."

"Kwa hiyo nitashtaki kimya?" nikasema.

"Utashtaki kimya. Ila kwanza kionekane." Akageukia mashine yake ya kuandikia. "Malalamiko haya yaende kwa posta, kwa barua ya rejista, na kadi ya kupokelewa irudi kwangu. Usimpelekee Awatif mkononi. Mdomo wa Awatif hauna tarehe. Kadi ya posta inayo."

Baba akauliza jambo ambalo sikulitarajia. "Na huko mahakamani, ustadh. Jina litasomwa kwa sauti?"

Ustadh Wadii aliacha kuandika akamtazama. Yeye pia ni Msaidi, na mama yake pia ana jina asilolitaja. "Litasomwa, haji," akasema. "Litasomwa na kila mtu atasikia."

Baba akasema, "Andika."

Kadi ya posta ikarudi na mhuri wao, wamepokea. Wakanyamaza, kama alivyosema. Muda wa sheria ukapita, Ustadh Wadii akafungua kesi na kuomba isikilizwe kwa dharura, akaambatanisha ripoti ya daktari kwamba mgonjwa hana muda. Kwa dharura hiyo tukapewa tarehe ya mbali hadi nikadhani ni makosa ya chapa. Tarehe ikafika, wakili wa serikali akaomba muda wa kuleta nyaraka. Akapewa. Mahakama ikaenda likizo ya kiangazi. Waliporudi akaomba muda tena, na safari hii jaji akamnyima.

Siku hiyo nilikuwepo, na baba pia. Wakili wa serikali alikuwa kijana mwenye suti mpya. Akasema, "Mheshimiwa, hapa hakuna uamuzi wa kupingwa. Ofisi haikukataa. Mwombaji mwenyewe anakiri kwamba kila alipofika aliambiwa arudi."

Jaji akaniita nisogee. "Ulipokwenda, walikujibu nini?"

"Pita kesho, inshallah."

"Kila mara?"

"Kila mara, Mheshimiwa."

"Na wewe ulielewa nini?"

"Nilielewa hapana. Mume aliyeniacha alitaka kunirudia, na mimi nilimjibu inshallah. Hajarudi hadi leo, maana alielewa."

Ukumbi ukacheka, hata yule kijana wa suti. Jaji hakucheka, ila aliandika kitu. Karani akasoma muhtasari wa shauri kwa sauti: Insaf Haridi, anaomba kurekebishiwa jina la mama yake, kutoka Fakiha kuwa Nabawia. Benchi lote lilijaa wanaume wa vijiji vya jirani, na wawili wao niliwajua. Baba alitazama sakafu. Masikio yake yalikuwa mekundu, lakini hakutoka.

Tulishinda. Baridi ilikuwa imeingia na miwa imeanza kukatwa siku hukumu iliposomwa. Mahakama ilisema kimya cha ofisi kinyume cha wajibu wake ni uamuzi batili, ikaamuru cheti kirekebishwe, na amri itekelezwe kwa rasimu ile ile ya hukumu, bila kusubiri nakala rasmi wala taarifa. Ustadh Wadii aliibusu karatasi. Alisema maneno hayo ya mwisho hayatolewi ovyo, jaji ameona mama anakufa.

Nikapanda ngazi za usajili mbio, hukumu mkononi. Madamu Awatif akaisoma yote, mdomo ukicheza, na mwishoni akanitabasamia kwa furaha ya kweli kabisa.

"Mabruk, hongera, mpenzi. Mungu ni mkubwa. Pita kesho."

Nilitaka kumrukia. Nasema kweli, kama si lile dirisha. Nilishuka hadi duka la mbegu, na Ustadh Wadii, ambaye sijawahi kumwona amekasirika, akavaa koti. Alikwenda kumchukua karani wa mahakama wa kupeleka hati, wakaingia wote wawili kwa mkuu wa ofisi na onyo la maandishi, kwamba mtumishi anayeikalia hukumu ya mahakama anaweza kufungwa jela na kuondolewa kazini. Wakalisoma kwa sauti, mlango wazi. Cheti kikatoka mchana ule ule. Wino ulikuwa bado unang'aa. Mama: Nabawia Abdelmawgud.

Sikwenda nyumbani. Nilikwenda moja kwa moja hospitali, maana ilikuwa siku ya mashine, nikamkuta yule daktari wa nywele nyeupe kwenye korido, nikamwekea karatasi kifuani. Akaisoma. Hakuvua miwani safari hii.

"Kaa, binti yangu."

"Sikai. Ulisema wiki hiyo hiyo."

"Nilisema. Nilisema kabla ya kiangazi." Akanielezea taratibu. Moyo wa mama ulikuwa umepanuka na kulegea, maji yameingia kwenye mapafu. Akimlaza mezani hataamka. Hakuna daktari wa usingizi atakayekubali kumgusa. "Cheti chako sasa ni safi," akasema. "Kamati isingekuwa na neno." Akanirudishia karatasi kwa mikono miwili, na mimi nilimchukia kwa upole huo, kwa sababu nilitaka mtu wa kumpigia kelele.

Mama alikuwa amefungwa kwenye mashine, baba kando yake kwenye kigoda. Mama akaona karatasi.

"Ndiyo yenyewe?"

"Ndiyo yenyewe."

"Nisomee."

Nikamsomea, jina langu, tarehe, kijiji, baba, halafu nikafika kwake, nikalisoma lote. Alifumba macho akasikiliza. Kisha akacheka, kile kicheko chake cha pumzi bila sauti.

"Kwa hiyo leo ndiyo nimekuzaa," akasema. "Na uchungu wake nimeuona."

Hakuuliza daktari amesema nini. Alijua. Aliniomba maji, na mimi nikatazama kikombe cha kipimo, nikakiweka kando, nikamjazia glasi nzima. Muuguzi aliona akageukia dirishani. Mama alikunywa polepole hadi mwisho. Baba alishika glasi kwa chini ili isimchoshe mkono.

Alikufa kabla miwa haijaisha kukatwa, asubuhi, kitandani kwake, siku isiyo ya mashine. Wanawake wakajaa uani. Bakhit alikuwa anatafuta ndege. Kibali cha mazishi hutolewa na kituo cha afya cha kijiji, dirisha lile lile wanaposajili watoto, na mtu wa nyumbani lazima aende. Wajomba wakasema wataenda wao. Baba akasema ataenda yeye. Nikaenda naye, nikabeba karatasi zote, na moyoni nilikuwa nimejiandaa. Nilisema akikwama nitajibu mimi, na wakinicheka wanicheke.

Ilikuwa siku ya soko. Foleni ilifika nje. Watu walipotuona wakatupisha mbele, wakatupa pole, wakasema Mungu akuze malipo yenu, na mmoja wa waliotupisha alikuwa mzee wa ukoo wa Hilal, mvi zimemjaa, anajikongoja na fimbo. Karani wa siku hizi ni kijana. Hakunyanyua kichwa.

"Jina la marehemu?"

Nikafungua mdomo. Baba akaniweka kando kwa mkono wake, polepole, akashika kingo za dirisha.

"Nabawia," akasema.

"Sijasikia, mzee. Kelele za soko."

Baba akavuta pumzi. Akalisema tena, lote, lake na la baba yake na la babu yake, kwa sauti aliyokuwa akiitumia zamani kuita watu wa ng'ambo ya mfereji. Mzee wa Hilal akavua kilemba chake. Baba aliendelea kusimama pale na midomo inacheza, na kwa jinsi ilivyocheza nilijua bado analisema.

Kijana akaandika, akagonga mhuri, akatupa kibali. Hakuna aliyetuambia tupite kesho.